N Iliyolala

Jumatatu, 26 Februari 2024

Bibi amewaka mara ya tatu. Jana ilikuwa mara ya tano, kwa hiyo afya yake inaendelea vizuri. Nilimpiga kofi dogo ubavuni, upande wa kushoto. Wa kulia hapendi. Akakohoa, kama kompyuta yoyote ya umri wake, akawaka, na puto la Corel, programu yangu ya kuchorea, likatokea kwenye kioo na rangi zake zote. Moyo ukatulia. Kila asubuhi tangu 2003 nikiona lile puto najua mimi ni Ayubu, mchoraji wa mji wa Baraka, na siku inaweza kuanza.

Niandike wazi, kwa kuwa daftari hili halisomwi na mtu isipokuwa mimi (na Waridi, nikisahau kulificha). Corel Onze haina mpinzani. Toleo la kumi na moja. Hapo ndipo watengenezaji wangesimama, wakapumzika, wakalima mihogo. Onze haiulizi mtandao. Haiulizi anwani yangu. Vifaa viko kushoto, rangi ziko kulia, na tangu 2003 hakuna kilichohama mahali pake. Nani mwingine katika Baraka hii hajahama tangu 2003? Mimi mwenyewe nimekimbia mara mbili na kurudi.

Habari kubwa ya leo: Waridi, mke wangu, amechaguliwa rais wa chama cha bamama wa soko! Amemshinda Furaha, muuza mawese, ambaye alikuwa ameshashona nguo ya ushindi. Tarehe 8 Machi, sikukuu ya wanawake, Waridi ndiye atatangulia kwenye defile, yaani maandamano, na kusoma hotuba mbele ya wakubwa wote. Yeye aliyeacha shule darasa la sita. Mbele yake itakwenda banderoli, kitambaa kirefu chenye maneno. Na banderoli ni kazi ya nani? Yangu, bila shaka.

Nimemwambia hivyo. Amekataa. Anasema akimpa mumewe kazi siku ya kwanza ya urais, Furaha atatangaza soko zima kwamba chama kimekuwa jiko la nyumbani kwake. Kwa hiyo yatakuwa mashindano. Alhamisi kila mchoraji alete mfano wake mbele ya kamati. Wachoraji wenyewe ni wawili tu, mimi na Nadia.

Nadia! Binti ya Mzee Iddy mwenye maboti. Miaka ishirini na minne. Amefungua duka mkabala na langu, na laptop yake ni nyembamba, unaweza kuipitisha chini ya mlango. Sina chuki naye. Ila angefungua Uvira.

Jumanne, 27 Februari

Mpango wa kwanza: upelelezi. Nimekwenda kwa Nadia kuazima mkasi. Nikasimama nyuma yake karibu nusu saa nikisema siuoni mkasi, mpaka akaniambia kwa upole kwamba uko mkononi mwangu.

Lakini nimeona mengi. Corel yake ni ya juzijuzi. Kioo cheusi, vifaa vimejificha, unabonyeza kimoja kinazaa saba. Mtandao ukakatika na kuna kitu kikaanza kuzungukazunguka katikati ya kioo bila kwenda popote. Nikafurahi kimoyomoyo. Kisha mtandao ukarudi na Nadia akamaliza mwaliko wa harusi kabla sijamaliza kufurahi. Kurasa nne, pamoja na maua.

Kinachonichosha ni heshima yake. Nikiingia anainuka kwenye kiti. Ananiita papa. Adui mwenye adabu ni mzigo, huwezi hata kumsema vibaya ukaeleweka. Leo nilipokuwa natoka akaniambia:

"Papa Ayubu, ukipenda, nitakuja na disiki nitoshe kazi yako yote mu ile mashine, mbele ifwe."

Mbele ifwe! Yaani kabla haijafa! Nimemjibu kwamba Bibi alianza kazi kabla yeye hajajua kusoma, na atamzika. Nikaondoka na mkasi wake. Nitaurudisha kesho.

Jumatano, 28 Februari

Sijaurudisha. Siku imekuwa ngumu.

Mpango wa pili: umeme. Bibi anakunywa betri kama ng'ombe wa Bibokoboko anavyokunywa maji, na jua la wiki hii ni la kubahatisha. Nyumbani tuna betri mbili za sola. Moja ni ya Bibi, ya pili ni ya friza ambayo Waridi anahifadhia mikebuka yake, samaki wa kuuza. Betri ya Bibi ikaisha saa nne asubuhi. Nikaazima ile ya friza kwa nusu saa.

Onze ikanichukua. Ukiwa ndani ya kazi husikii saa zinavyopita. Niliposikia harufu ilikuwa saa tisa alasiri.

Jirani zetu wote wamekula mikebuka leo. Wameshukuru sana. Waridi alifua kitambaa cha friza, akakikamua taratibu, akiniangalia mimi.

Lakini mfano umekamilika, na niandike kwa nini umenichukua siku nzima. Herufi zangu hazipigwi kwenye kibodi. Ni herufi za Mwalimu Casimir. Yeye alikuwa mwandishi wa majina ya maboti, kwa brashi, kuanzia hapa mpaka Kalemie. Mwaka 2003 akaleta Bibi kutoka Bujumbura ndani ya boti. Akamfunika mablanketi mawili, mvua ikamlowesha yeye mwenyewe. Kisha tukakaa miezi minne, yeye na mimi na Onze, tukiingiza herufi zake moja moja, nukta kwa nukta, mpaka N ikapata ule mkia mdogo ambao brashi yake iliuacha kila mara alipokuwa anainua mkono. Kila herufi ni mchoro. Unazipanga kama matofali.

Ziko ishirini na tano. Z hakuchora. Nilipomuuliza akasema Z ni N iliyolala. Akaishika N, akaizungusha kwenye kioo, ikalala ubavu, na kweli ikawa Z. Akaniuliza: mtu akilala, unamchorea sura nyingine? Nilicheka siku mbili. Alifariki mwaka 2011. Zile herufi ziko ndani ya Bibi na hakuna mahali pengine duniani zilipo. Ndiyo sababu simpigi upande wa kulia, ndiko zinakokaa.

Alhamisi, 29 Februari

Nimeshinda!

Kamati iliketi nyuma ya meza za samaki wadogo, ndagala: Waridi, Furaha, na Mama Consolate, anayewawakilisha bamama Warundi wa kambi ya wakimbizi ya Lusenda wanaouza hapa. Waridi alisema yeye hatapiga kura. Hata hakuniangalia.

Kwanza kulikuwa na ugomvi wa maneno. Mimi nilitaka WANAWAKE. Swahili safi, ya kitabu. Furaha akauliza wanawake ndio akina nani, yeye hajawahi kuitwa hivyo tangu azaliwe. Ikakubaliwa BAMAMA. Maneno yote yakawa: BAMAMA WA SOKO LA BARAKA, TUNAKUZA WATOTO, TUNAKUZA TAIFA. Waridi ndiye aliyeyatunga. Nilipoyasoma kwa sauti alishusha macho kama msichana.

Nadia akaonyesha kazi yake. Nzuri, nikiri. Ila kulikuwa na picha ya wanawake watano wanaocheka, wamebeba vikapu, na hakuna aliyewatambua. Furaha akauliza hawa wanauza soko gani. Hata hivyo akampa Nadia kura yake, kwa kuwa mimi ni mume wa Waridi.

Ikabaki kura ya Consolate. Alitazama mfano wangu muda mrefu. Akanyoosha kidole kwenye N, kwenye ule mkia. Akasema mwaka 2015 alivuka ziwa na watoto watatu ndani ya boti, na hakutaka kutazama maji, kwa hiyo alitazama jina la boti lililoandikwa kwa ndani karibu na injini. TUMAINI. Safari nzima aliitazama N yenye mkia kama huu. Akauliza ni nani aliandika.

Waridi ndiye aliyejibu, akasema: huyo ni mwalimu wa mume wangu. Ilikuwa mara ya kwanza leo aniite mume wake.

Kura ya Consolate ikawa yangu. Kwa kuwa kura zilikuwa sawa, wakamuuliza mwenye duka la jirani, muuza chumvi, naye akachagua yangu bila kugeuka kutazama. Ushindi ni ushindi. Nadia akanipa mkono, akanipongeza. Mkasi wake ulikuwa mfukoni mwangu muda wote huo, ukinichoma.

Jumamosi, 2 Machi

Kazi imeondoka kwenda Uvira, kwa kuwa hapa hakuna mashine ya kuchapa kitambaa. Banderoli mbili, moja ya mbele ya defile na moja ya nyuma. Maneno yaleyale.

Nadia alipendekeza tutume kwa simu. Dakika moja, alisema. Ndiyo, na katika dakika hiyo herufi za Casimir zingepita ndani ya laptop yake! Mpango wa tatu: usalama. Nimeweka kazi kwenye flash. Flash nimeishonea ndani ya kofia ya Bertin, dereva wa pikipiki anayekwenda Uvira kila wiki. Bertin alilalamika kwamba inamgusa kisogo. Nikamwambia ndivyo atakavyojua kwamba ipo.

Akawa anawasha pikipiki, Nadia akavuka barabara. Akauliza kama nimeandika maneno kwenye karatasi, kwa kalamu tu, ili yule wa Uvira ajue kinachotakiwa kusomeka. Nikamwambia herufi za Casimir hazihitaji mkalimani. Akasema sawa, papa. Akaomba mkasi wake. Nikasema nitautafuta.

Jumanne, 5 Machi

Simu kutoka Uvira! Ni Élie, mchapaji. Kijana makini, hapigi ovyo. Dukani kwangu mtandao wa simu unapatikana juu ya kiti tu, mkono mmoja ukishika dirisha, kwa hiyo nilipanda. Sauti yake ilikuja vipandevipande. Nilichosikia ni hiki:

"Papa, huku naona iko mbili zinalala. Nisimamishe?"

Mbili zinalala. Nikaelewa mara moja. Banderoli mbili, wino bado mbichi, ameziacha zimelala sakafuni! Mtu wa kazi anajua: wino mbichi haupendi kulala. Nikapiga kelele asimamishe. Akauliza zote? Nikasema zote, mara moja, na asizilaze tena. Akasema ni vile yeye mwenyewe alikuwa anafikiri. Simu ikakatika.

Nimeshuka kwenye kiti nikijisikia mkubwa. Kuongoza kazi kutoka kilomita tisini, juu ya kiti, kwa neno moja! Casimir angefurahi. Nimemsimulia Waridi. Yeye alikuwa anajifunza hotuba yake, ukurasa mmoja, ameuandika mara nne kwa mkono. Anasema haogopi watu, anaogopa kuchekwa. Furaha amekuwa akipita mezani kwake na kumuuliza kama rais anajua kusoma maneno marefu.

Nimemwambia asiogope. Watu wataangalia banderoli kwanza, na wakishaiona hakuna atakayecheka.

Alhamisi, 7 Machi

Zimefika! Bertin ameleta mizigo miwili, imeviringishwa ndani ya magunia, mikavu kabisa. Kofia yake ameirudisha imekatwa. Flash imepona.

Waridi alitaka kufungua. Nikakataa. Mpango wa nne, na ndio mzuri kuliko yote: hakuna atakayeona mpaka kesho, mbele ya tribine, wakubwa wameketi jukwaani, ngoma zimeanza, ndipo zifunuliwe kwa pamoja. Bibi arusi hafunuliwi jikoni. Nimeyashona magunia kwa uzi wa nyavu, mafundo kumi na mawili kila moja.

Nadia akaja. Akasema hata yeye mwenyewe hufungua kila kazi inayotoka Uvira, kila mara, hata kama ni karatasi moja. Akasema kuangalia hakuharibu kitu. Nikamwambia hofu hiyo ni ya watu wa toleo jipya, waliozoea mashine zinazobadilika kila kukicha. Onze ikisema kitu, kitu kinabaki vilevile mpaka kiama.

Waridi akaniuliza mara moja tu. Akasema, una hakika? Nikasema nina hakika kama ninavyojua jina langu. Akaenda kupiga pasi kitenge chake. Nimempenda sana jioni hii, amesimama pale na pasi ya makaa, midomo inatembea kwenye hotuba. Nimependa kumpa kitu kizuri kwa mara moja, kisichonuka samaki walioharibika.

Ijumaa, 8 Machi

Sijui nianzie wapi.

Defile ilianza saa tatu. Bamama wa soko walikuwa kundi la saba, zaidi ya mia mbili, kitenge kimoja cha bluu. Waridi mbele. Walipofika mbele ya tribine nikakata mafundo kwa mkasi wa Nadia. Mama Consolate akashika mti mmoja, Furaha mwingine. Wakavuta.

BAMAMA WA SOKO LA BARAKA, TUNAKUNA WATOTO, TUNAKUNA TAIFA.

Nikasoma tena. Tunakuna. Nikafikiri ni macho. Ya nyuma nayo ikafunguliwa, na ya nyuma nayo ilikuna. N zote zimesimama wima, na mikia yao, nzuri kama siku ya kwanza. Hapo ndipo nikaelewa zile mbili zilizokuwa zinalala Uvira ni zipi.

Kicheko kilianzia upande wa vinyozi. Kikapanda mpaka kwenye tribine. Mkubwa mmoja akafuta macho kwa kofia yake. Mtu akaanza kumkuna mwenzake mgongoni. Furaha, huku ameshika mti, alicheka mpaka banderoli ikawa inatikisika.

Nikajaribu kuokoa. Niliwaza kwamba watu wote wakilala ubavu N itakuwa Z, kisha nikakumbuka kwamba ile N ya kwanza ya TUNAKUZA nayo itageuka. Nikakimbia kukunja upande wa chini ili yabaki maneno ya juu peke yake. Nikajikwaa kwenye kamba. Nikabaki nimening'inia kwenye neno TAIFA kwa mikono miwili, mbele ya wakubwa wa teritware, mpaka Consolate akanishusha.

Nikamwona Waridi. Alikuwa amesimama mbele ya mikrofoni na ukurasa wake mkononi. Watu mia kadhaa wanamcheka. Kile hasa alichokiogopa, na mimi ndiye nimekileta, nimekishona kwa mafundo ishirini na manne. Nimewahi kukimbia risasi katika mji huu. Sikuwahi kutaka kutoweka kama leo.

Aliitazama banderoli. Kisha akakunja ukurasa wake, akaufunga ndani ya kitambaa cha kichwa.

"Mucheke tu, tunawangojea," akasema. "Sasa niulize. Mutoto akiwashwa mu mugongo, pahali kwenye mukono yake haifike, anaita nani?"

Mama mmoja akajibu kutoka nyuma: mama.

"Anaita mama. Na hii inchi yetu iko na mugongo. Barabara ya Uvira inawasha. Maji ya kunywa inawasha. Batoto benye kufukuzwa ku masomo, inawasha. Nani anajua kwenye inawasha kuliko sisi benye kuketi mu soko toka asubui? Basi tunakuna. Na nyinyi wakubwa benye kuketi kule juu, mukisikia makucha, musishituke. Ni sisi."

Sijawahi kusikia kelele kama ile. Bamama wote mia mbili waliinua mikono na kukuna hewa. Consolate akapiga vigelegele vya kwao. Furaha naye alikuwa anakuna, machozi yanamtoka, akasahau kabisa kwamba ni mpinzani. Kwenye tribine hakuna aliyecheka tena. Mmoja aliandika kitu kwenye karatasi.

Nilirudi nyumbani kupitia nyuma ya nyumba za watu. Waridi alikuja baada ya swala ya Ijumaa. Nikamwambia nisamehe. Nikalisema wazi, bila mzunguko, jambo ambalo sijalizoea. Akavua viatu. Akakaa.

"We Ayubu," akasema, "leo ulinikuna kwenye haikuwa inawasha."

Kisha akaanza kucheka. Akacheka mpaka akajilaza kwenye mkeka, na mimi nikacheka naye, ingawa nilikuwa karibu na kulia.

Jumamosi, 9 Machi

Asubuhi nimempigia Élie, juu ya kiti. Anajitetea. Anasema alikuta N zimelala, akafikiri zimeanguka njiani. Mkia wake ulimwonyesha kuwa ni N, hakuna Z yenye mkia. Na tunakuna ni neno, papa, hata mimi nalijua. Akaniuliza, akasimamisha kama nilivyoagiza. Anasema nilipiga kelele. Nimemwambia kosa si lake. Kosa ni la simu.

Saa sita Nadia akaingia. Nilidhani amekuja kucheka, nami nilikuwa nimejiandaa na majibu matatu. Hakucheka. Aliweka flash juu ya meza. Anasema jana alisimama karibu na banderoli muda mrefu akizitazama herufi zote: jinsi brashi inavyoanza nene na kumaliza nyembamba, mkia unavyokaa. Akakaa nazo mpaka alfajiri. Amechora Z. Ameihifadhi kwa namna ya zamani, ili Onze iweze kuifungua.

Bibi akawaka mara ya pili tu. Puto. Kisha ile Z.

Ilikuwa Z ya Casimir. Kama angeamka leo na kuketi, ndivyo angeichora. Ina mkia, lakini si mkia wa N, ni wake wenyewe. Nilisema kuna vumbi dukani. Nadia akasema ndiyo, papa, liko vumbi. Akaongeza kwamba ombi lake la kuhamisha herufi kwenye disiki bado lipo, siku yoyote nitakayotaka, na kwamba hataki kuzitumia, anataka tu zisipotee.

Nimemrudishia mkasi.

Jumapili, 10 Machi

Siku ya neema! Watu tisa wamekuja kuagiza tisheti za TUNAKUNA TAIFA. Watatu kati yao wanadhani nilikusudia. Sikuwakatalia. Ukitazama vizuri, labda nilikusudia, kwa ndani.

Na msikitini wameniomba kalenda ya mfungo, haraka, kwa kuwa mwezi unaandama wakati wowote. Kichwa chake: MWEZI MTUKUFU WA RAMADHANI. Waridi amesema mara tatu nimpelekee Nadia aangalie kabla haijaondoka. Nimesema nitafikiria. Nimefikiria.

Kuhusu Z. Ni nzuri mno, na zawadi isiyotumika ni tusi kwa mtoaji. Lakini nafasi ya Z, katika kazi za Casimir, ni ya N iliyolala. Miaka ishirini na moja! Siwezi kumfukuza mzee kwenye kiti chake kwa sababu ya kosa moja la simu. Nilikaa na tatizo hili asubuhi nzima. Nikaishika Z ya Nadia, nikaizungusha tu, bila nia, ikalala ubavu.

Ikawa N! N safi, sijaona N kama ile. Kwa hiyo kila mtu amepata heshima yake. Kwenye MWEZI nimelaza N ya Casimir, kwenye RAMADHANI nimelaza Z ya Nadia. Wawili hao, mzee na binti, kwenye mstari mmoja. Nilipomaliza nilikaa nikiutazama, nikafurahi kuliko siku nyingi.

Disiki ya Nadia itangoja. Bibi leo amekohoa vibaya kidogo, lakini ni baridi ya asubuhi.

Bertin ameondoka saa nane kwenda kwa Élie na flash ndani ya kofia mpya. Karatasi ya maneno sikuweka, herufi zinajisemea. Na kwa kuwa safari iliyopita shida yote ililetwa na simu, safari hii nimechukua hatua: simu nimeizima, nimeifungia sandukuni, mpaka kazi irudi.